Karatasi Niliyoichovya Kwenye Chai

Mwanangu, ipo siku moja ninayoikumbuka kila nishikapo karatasi kuukuu. Nilikuwa bibi harusi mgeni hapa Johannesburg. Mume wangu, aliyejifunza uchapaji Tanzania alipokuwa uhamishoni, alikuwa na karakana ndogo mtaa wa Newtown. Alisema yeye ndiye wa kwanza kuchapa gazeti la Kiswahili mjini humu. Papa Kalonda, Mkongomani wa Joubert Park, akasema ni yeye. Chama chetu cha wasemaji wa Kiswahili kilitaka kuandika jina la mwanzilishi kwenye ukuta wa ukumbi wake, kikaomba ushahidi.

Mume wangu hakuwa nao. Nami kwa mapenzi (na mapenzi bila akili ni moshi machoni) nikapanga herufi za chuma, nikachapa ukurasa wa gazeti wenye tarehe ya miaka mingi nyuma, nikauchovya kwenye chai ya rangi, nikaukausha juu ya jiko. Mume wangu mwenyewe nilimwambia nimeuokota sandukuni.

Mkutanoni ukurasa ulipoonyeshwa, watu walishangilia. Papa Kalonda akaitwa mwongo mbele ya wanawe. Alichukua kofia yake akatoka.

Kesho yake Bi Zawadi, mpanga herufi wetu mkongwe, aliuinua ukurasa ule dirishani.

"Hii g iliyokatika mkia niliiangusha mimi mwaka jana. Imefikaje kwenye karatasi ya zamani?"

Nikamweleza nilivyouchapa.

"Hata Ulaya waligombania nani aliyebuni uchapaji," akasema. "Wengine wakaghushi karatasi ili mji wao upate sifa. Wakaumbuka. Njia ya mwongo ni fupi, binti yangu. Umedanganya mbele ya watu, ungama mbele ya watu."

Jumapili nikasimama chamani. Nilikwisha kuapa sitakaa kabla sijamaliza. Nikasema yote. Mume wangu aliinamisha kichwa; mwezi mzima hakunisemesha ila salamu. Ukutani halikuandikwa jina la mtu. Papa Kalonda alinifuata mlangoni.

"Merci, mama. Sasa watoto yangu wananiangalia usoni."

Basi, mwanangu, umpendaye usimvike sifa ya uongo; nguo ya kuazima haisitiri matako. Huna ushahidi? Sema huna. Na ukiharibu, tengeneza palepale ulipoharibia, hata kama sauti inakukatika.

Mungu akunyooshee ulimi, akupe moyo usiorudi nyuma, na wanao walitaje jina lako bila haya.