Dakika Tatu za Warigia

Erastus Githinji alijifunza kamera kwenye gari la sinema la serikali, lililozunguka vijiji vya Ruiru na Thika likionyesha watu namna ya kuchimba vyoo na kunawa mikono. Alianza kama mbeba vyombo. Kufikia mwaka wa 1957 yeye ndiye aliyekuwa mpiga picha, na bosi wake alipohama alimwachia kamera ndogo ya sinema na mikebe miwili ya filamu.

Sifa zake zilimfikia Warigia wa Gatongora, mjane aliyechuma kahawa tangu ujana. Alikuwa na uvimbe tumboni, na daktari alishasema hakuna la kufanya. Mwanawe wa pekee, Mburu, alikuwa kizuizini mwaka wa tatu. Warigia akatuma mtu kwa Erastus. Alitaka mwanawe aje amwone, hata kama ni kwa picha.

Erastus alikwenda bila kamera. Alikaa karibu na moto, akateka maji, akasikiliza. Siku ya nne Warigia akamuuliza chombo chake kiko wapi.

"Nilitaka kwanza unizoee, mama."

"Nimekuzoea. Ni mimi sina siku nyingi."

Kesho yake akakileta. Nyumba ilikuwa na giza, kwa hiyo majirani wakambeba Warigia hadi uani. Alikataa kupigwa picha akiwa amelala. Akaegemea ukuta, akaomba ungo wa maharagwe, akawa anachambua huku akiongea. Erastus alijua kamera ile hainasi sauti, lakini hakumkatiza. Maumivu yalipompanda Warigia, Erastus aliiweka kamera chini, akamshika mgongo. Hakuiinua tena.

Warigia alizikwa wiki mbili baadaye.

Mburu aliachiliwa mwaka wa 1959. Erastus alimwita Thika kwenye chumba alichopanga, akaziba dirisha kwa blanketi, akawasha mashine aliyoazima kazini. Mburu alitazama akiwa amesimama. Picha ilipokwisha baada ya dakika tatu, aliuliza jambo moja tu.

"Alikuwa anasema nini?"

Erastus alimweleza. Kwanza mama alilalamika kwamba maharagwe ya mwaka ule yalijaa mchanga. Kisha akasimulia jinsi alivyomzaa Mburu katikati ya mavuno ya kahawa, akarudi shambani baada ya siku nane. Mwisho akasema mbegu zake amemwachia jirani, Wamboi, na Mburu asione haya kwenda kuzidai.

Mburu akakaa kitandani, akalia. Erastus alimngoja. Baadaye Mburu akaomba aonyeshwe tena, na mara hii Erastus akawa anayatamka yale maneno picha ikienda.

Wagonjwa wengine walimwita baada ya hapo, nao aliwaendea vilevile, mikono mitupu. Mzee Mbuvi, Mkamba aliyeishi mashariki ya Thika, aliongea naye siku sita, kisha akasema hataki kupigwa picha. Erastus aliendelea kumtembelea mpaka mzee alipofariki.