Kaburi Lililokuwa na Tunda

Kosa langu la kwanza katika kazi ya kutafuta habari za koo za watu lilikuwa kusema kwamba mtu amekufa. Mwezi uliopita mtu huyo alikufa kweli, hapa Kisumu, na tangu nipate habari sijalala vizuri.

Kazi hii nilijifunza peke yangu miaka ya themanini, nikisoma magazeti ya zamani maktabani na kuomba ruhusa ya kupekua madaftari ya makanisa. Siku moja mwanamume mmoja alinijia kutoka upande wa Katito. Kaka yake mkubwa alikuwa amekuja mjini kutafuta kazi, akanyamaza. Kwetu wana hujenga kwa zamu, mkubwa akitangulia. Kwa hiyo wadogo wote walikuwa wamebanana katika boma la wazazi, wake zao wakigombea meko, wakimngoja mtu asiyejulikana alipo. Nilimfuata kaka huyo kwenye karatasi: kabatizwa, kasimamia harusi ya rafiki, kapanga nyumba mtaa wa Kaloleni hapa mjini, kisha kimya. Nilizirudia kurasa zile mara nyingi, maana mimi ni mwoga wa kukosea, na woga huo ndio ulionidanganya. Niliamini kwamba mtu akisoma kwa makini kiasi kile, kimya nacho ni jibu. Niliandika kwamba alifariki. Wakazika yago, lile tunda refu na zito ambalo kwetu hulazwa kaburini badala ya mtu aliyepotea. Kisha wakaanza kujenga.

Miaka kadhaa baadaye, mwanamume nisiyemjua aliketi mbele yangu maktabani, akanitazama mpaka nikafunga gazeti.

“Wewe ndio ile mtu ilinizika?”

Nilisukuma kiti changu nyuma. Akacheka. “Usiogope, omera, ndugu yangu. Maiti haipigi mtu.”

Alikuwa mpishi katika nyumba moja ya mtaa wa Milimani. Mwajiri wake alipohamishwa alihama naye, akarudi naye, bila kuandikwa popote. Akanituma kwao nikaseme yu hai. Nilienda. Mdogo wake alinisikiliza hadi mwisho, akanionyesha nyumba mpya, halafu kaburi.

“Tunampenda,” alisema. “Lakini akiingia hapa akiwa hai, hii kaburi itatafuta mtu mwingine.”

Basi kila alipopata likizo, mpishi yule alikwenda hadi soko la Katito, na mama yake akaja kukaa naye mpaka jioni. Kutoka hapo angeweza kufika nyumbani kwa miguu. Hakwenda. Alinitania kwamba yeye ndiye maiti pekee anayelipa nauli. Sikucheka hata mara moja.

Msomaji, karatasi humjua mtu anapobatizwa, anapooa, anapolipa kodi. Mji wetu umejaa watu wanaoishi katika vyumba vya nyuma ya nyumba za wengine, na hao hawaachi hata mstari mmoja. Mimi niliwahesabu kuwa wafu.

Siku ya mazishi ya mpishi yule wazee wa ukoo walikubali kaburi lifunguliwe. Mabaki ya tunda yalitolewa, naye akalazwa mahali pake. Mama yake, ambaye sasa hushikwa mkono akitembea, aliinama.

“Ingia sasa, mwanangu,” alisema.

Watu bado huniletea majina ya ndugu waliopotea. Neno “alifariki” siliandiki tena mpaka nizungumze na aliyemzika. Nikimkosa, naandika tu mahali mtu huyo alipoonekana mwisho, na ndugu zake wanarudi kwao bila ruhusa ya kujenga.