Wimbo wa Chini Kabisa

Mama wa steshenari pale Isevya hafuti kwa mkupuo orodha ya mafaili yaliyopakuliwa kwenye kompyuta yake. Kila jioni huvaa miwani na kusoma jina mojamoja kwa sauti ya chini, "Barua ya kazi ya Amon, haya, safari njema," ndipo hulifuta, kama anayesindikiza wageni mpaka njia panda. Jana mteja wake, Stela, alitaka kumrahisishia.

"Shikamoo mama. Si ubonyeze hapa, yafutike yote?"

Mkono wa mama, wenye madoa ya wino, ukamzuia. "Marahaba. Hapo usiguse, mwanangu."

Chini kabisa ulikuwepo wimbo wa kwaya ambao mama alimpakulia baba yake mzazi, sasa marehemu, siku mzee huyo alipotoka Ipole na asali, akausikiliza amesimama, kofia mkononi, akaahidi kurudi kuusikiliza tena.