Shadia Anaulizwa

Kuishi na Mwinshehe na kumlea Shadia kulimfanya Bi Mwavita awe mdomo wa nyumba nzima, na alikuwa amechoka. Mumewe akirudi kutoka sokoni Ujiji alikouza samaki wa migebuka, huguna, hula, kisha huguna tena. Binti naye amechukua kwa baba yake: akifurahi kimya, akinuna kimya. Majirani walisema Bi Mwavita ana maneno mengi. Wangejaribu wao kukaa na watu wawili ambao ukiwauliza kama chumvi imekolea wanatazama ukuta!

Sasa washenga wa kutoka Bangwe walikuwa wanarudi baada ya alasiri kuchukua jibu. Kijana wao hakuwa na kasoro: ana duka, anaswali, ana adabu. Shadia aliulizwa asubuhi hiyo, akainamisha kichwa. Mashangazi wakapiga vigelegele palepale, maana mwari akinyamaza ndiyo amekubali.

"Amekubali nini?" Bi Mwavita aliwaka. "Huyu hata akiumwa jino hasemi!"

Mashangazi walipoondoka, akamwita Shadia uani, baba yake akiwa amekaa kwenye kigoda anapara samaki wa mchana.

"Shadia mwanangu, nakuomba. Unamtaka au humtaka? Mimi si mganga, siwezi kuona ya moyoni. Hao watu wako njiani."

Shadia akatazama vidole vyake vya miguu. Bi Mwavita alitamani kumshika mabega amtikise mpaka neno moja lidondoke.

"Hamtaki," alisema Mwinshehe, bila kuinua uso.

Shadia akaanza kulia, akaitikia kwa kichwa. Bi Mwavita alishusha pumzi, maana angalau sasa anajua la kuwaambia wageni. Kisha hasira ikampanda upya.

"Na wewe umejuaje? Umepiga ramli?"

"Siku ya ndoa yetu ulinyamaza hivyo hivyo, ukitazama vidole. Nikajua hunitaki."

Bi Mwavita alihisi uso unamchoma.

"Hayo yalikwisha zamani, Baba Shadia! Huyu hajazaliwa yalikuwa yamekwisha! Nilikupenda mpaka nikajishangaa mwenyewe. Miaka yote hii umekaa nayo moyoni, hata kuniuliza hukuniuliza?"

Mwinshehe akaweka kisu chini, akamtazama mkewe.

"Na wewe," akasema, "kwa maneno yako yote hayo, hilo hukuwahi kuniambia."