Sinema Tuliyoicheza Pangani

Nilikuwa mwaka wa pili katika chuo cha ualimu pale mpiga picha mmoja wa mtaa wa Usagara, Tanga, alipokuja kutuomba waimbaji. Kazi yake ilikuwa picha za harusi, lakini alikuwa amejinunulia kamera ya sinema iliyokwisha tumika, na alitaka kutengeneza sinema ya Kiswahili yenye nyimbo, bila serikali wala kampuni kumsaidia. Hadithi yake ilikuwa nyepesi. Mwanafunzi wa chuo anampenda msichana wa Pangani, wanaimbiana, wazee wanakataa, mwishowe wanakubali.

Mimi nilichaguliwa kuwa mwanafunzi huyo kwa sababu ya sauti. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili, Mshambaa niliyekulia kwenye kwaya ya Kilutheri, baba yangu mkata mkonge. Msichana hakupatikana. Hakuna mzazi aliyekubali binti yake aimbe mbele ya kamera. Basi mpiga picha akamtazama mwenzangu wa darasani, Mpemba niliyemzidi mwaka mmoja tu, mwembamba, mpole, akasema, "Wewe tukikuvika kanga, nani atajua?"

Darasa zima lilicheka. Yeye akauliza, "Nyimbo nitaimba mwenyewe?"

Tulifanya mazoezi kila Jumamosi mchana, nyuma ya jiko la chuo, kwenye moshi na harufu ya maharage. Alinifundisha kuuvuta mwisho wa neno kama waimbaji wa kwao, nami nikamfundisha kuhesabu mapigo. Siku moja, wimbo ulipokwisha, mkono wangu ulibaki juu ya wake.

"Yakhe, hii imo kwenye hadithi?" aliniuliza.

"Haimo."

"Basi uache hapo hapo."

Hatukuwa na neno la kuliita jambo lile, au maneno tuliyokuwa nayo yalikuwa matusi. Ninachojua ni kwamba nilianza kuamka asubuhi nina furaha, jambo nisilolizoea. Tulisoma kitabu kimoja, tukala sahani moja, na hakuna aliyetushangaa. Tulikuwa tunafanya mazoezi ya sinema.

Pangani tulikwenda wakati wa likizo fupi. Watu walijaa kwenye kivuko kumtazama mwanamume aliyevaa kanga, wakapiga vigelegele vya mzaha. Tuliimba mbele ya ukuta wa nyumba moja ya zamani. Wimbo ulipoisha mpiga picha hakuizima kamera mara moja, nasi hatukujua. Mwenzangu akanyoosha mkono akaniwekea sawa ukosi wa shati, taratibu, akanitazama. Nami nikamtazama.

Wiki chache baadaye mpiga picha alileta kipande kile chuoni, akakionyesha bwaloni mchana, mablanketi yametundikwa madirishani. Wenzetu walicheka na kuimba pamoja nasi. Kisha wimbo ukaisha, ukaja ule ukosi wa shati. Kicheko kilipungua, halafu kikakatika kabisa. Nyuma yangu mwalimu mmoja alisema polepole, "Hawa hawachezi."

Kesho yake tuliitwa kwa mkuu wa chuo. Tulisimama mbele ya meza yake, bega kwa bega. Akatuuliza kama yale tuliyoyafanya mwishoni tulikuwa tumeambiwa tuyafanye.

Nilimfikiria baba yangu na mikono yake iliyochanwa na mkonge. Nilifikiria cheti. Nikasema, "Ni yeye, Bwana Mkuu. Mimi nilikuwa naimba tu."

Mkuu alimwuliza mwenzangu mara mbili kama ana la kujitetea, naye akatikisa kichwa. Alifukuzwa siku ile ile.

Nilimkuta bwenini akifunga sanduku lake la bati. Nilisimama mlangoni, nikashindwa hata kuomba radhi.

"Ungenyamaza tu, yakhe," alisema bila kugeuka. "Kunyamaza kungenitosha."

Alibeba sanduku begani, akanipita.

Nilidhani sinema imekufa. Mpiga picha hakukubali. Alikwisha tumia kila alichokuwa nacho, akanisihi, nami sikuwa na sababu ya kukataa ambayo ningeweza kuisema. Akamtafuta karani mmoja wa mtaa wa Nguvumali acheze msichana, tukarudi Pangani kwenye ukuta ule ule. Niliimba wimbo ule ule. "Uso wako umekufa," mpiga picha alinilalamikia. "Mwangalie kama ulivyomwangalia yule." Tulirudia hadi jua likaniumiza macho, kisha akaridhika, au akachoka.

Sinema ilionyeshwa Tanga mara mbili tu. Mama yangu alishuka kutoka milimani kuja kuniona, akakaa karibu nami kwa fahari, mtandio mpya kichwani. Kulikuwa na sehemu moja ambayo mpiga picha hakuirudia, msichana akishuka kwenye kivuko, ameipa kamera mgongo. Mama aliniegemea.

"Huyu anatembea vizuri kuliko yule anayeimba," alisema. "Ni wawili?"

"Ni huyo huyo, mama."

Nilimwandikia Pemba barua tatu. Hakujibu hata moja. Baadaye mfanyabiashara wa huko aliniambia kwamba anamfahamu: alichuma karafuu kwa mjomba wake msimu mmoja, ndugu zake wakajua kwa nini alifukuzwa, akaondoka nyumbani bila kuaga, na hakuna anayemuulizia. Nilipata cheti changu. Shule niliyopangiwa iliniomba niongoze kwaya kwa kuwa walisikia naimba vizuri. Nikawaambia kifua kinaniuma. Wakanipa hesabu, na sijaimba tena, hata kanisani, ambako husimama na wengine nikifumbua mdomo bila sauti.