Mama na Samaki Wenye Njaa

Tangu tumzike baba, mama alikuwa anaisha. Kule Mbozi alipika ugali wa watu wawili, akautazama, kisha akawamwagia kuku. Ndiyo maana mimi na mke wangu tulipopata likizo ya kwenda Tanga, nilimwomba aje Tunduma atulishie samaki wetu watatu wa mapambo, wa kwenye tangi la kioo. Nilidhani watampunguzia mawazo. Mke wangu alidhani nimechanganyikiwa.

"Chakula chao ni hiki, Mama. Unachota kidogo kwa vidole viwili, mara moja kwa siku, basi."

Alikinusa kama mtu aliyepewa ugoro wa bandia.

Kesho yake tu akapiga simu. "Mwanangu, siwezi kula. Nikikaa na sahani yangu wanakuja wote kwenye kioo, midomo wazi, wananikodolea macho. Nitamezaje mbele ya wenye njaa?"

Kwetu mtu akikukuta unakula, unamkaribisha. Usipomkaribisha, umejiharibia jina mpaka kwa wajukuu.

"Mama, midomo yao ndivyo ilivyo."

"Hata babu yako alikuwa ndivyo alivyo, na tulimkaribisha."

Nikamwambia basi akale chumbani. Akafoka: "Nijifiche na chakula, mimi mchawi?" Nikamshauri alifunike tangi kwa kitenge. Alifunika, kisha akapiga tena kunijulisha kwamba amefunua, kwa sababu kumfunika mtu uso ili wewe ule ni tusi kubwa kuliko kumnyima.

Jioni akasema, "Usiwe na wasiwasi, tumeshaelewana." Maneno hayo yaliniharibia bahari yote ya Tanga.

Tuliporudi, maji ya tangi yalikuwa uji mtupu. Matonge yalielea juu, maharage yamelala chini. Samaki wawili walikuwa wamekufa, na mama alikuwa amewazika nyuma ya nyumba kwa heshima zote. Wa tatu alikuwa hai, tumbo mbele kama diwani. Nilikuwa nawapenda samaki wale, jamani, na nilifungua kinywa nimgombeze mama yangu mzazi.

Ndipo nikamtazama vizuri. Mashavu yalikuwa yamerudi. Sahani yake ilikuwa nyeupe, hata chembe haikubaki.

"Huyu anakula polepole mno," alilalamika. "Inabidi nami nile tonge jingine na jingine, nisimwache mezani peke yake."

Hasira iliniishia palepale. Nilicheka mpaka machozi yakatoka, na si yote yalikuwa ya kicheko.

Siku ya kurudi kwake nilimpa samaki yule kwenye ndoo yenye mfuniko uliotobolewa. Konda wa basi aliuliza kama kitoweo hicho kitafika salama. Mama alimkazia macho mpaka akaomba radhi, tena akaiomba kwa ndoo.

Siku hizi nikimpigia kumuuliza kama amekula, hanijibu haraka. Namsikia akitafuna kwanza, bila pupa, kisha anasema, "Tumekula."