Mahekalu Matano ya Évode

Jirani yangu Évode Kubwimana amewahi kwenda Japani, na kama hujalijua hilo ni kwa sababu hujawahi kupita barazani kwetu Gitega, hapa Kigali. Mimi nashona upande wa kushoto, yeye anatengeneza pasi na redio upande wa kulia, na kati yetu kuna ukuta wa matofali ambao haujawahi kuzuia neno lake hata moja. Zamani alikuwa fundi wa pampu kwenye mradi wa maji, wakampeleka huko kusoma wiki tatu. Kuhusu pampu hajawahi kutusimulia kitu. Anachosimulia ni Jumamosi moja walipopandishwa mlima.

Nimeusikia mlima ule mpaka naweza kuwapeleka watu mwenyewe. Mnaanza saa moja kamili asubuhi, si saa moja na dakika mbili. Mnapita msitu wa miti mirefu, ukizitazama ncha zake kofia inaanguka. Halafu yanakuja mahekalu, yote ya mbao, matano. La pili na la nne yamefanana kama mapacha, hata paka wa manjano anayelala mlangoni pa hili amefanana na yule wa lile. Kileleni mnaiona nchi nzima na mnapewa chai. Aliyewaongoza alikuwa bibi mmoja mwembamba, Bi Sumie, ambaye ujanani alifundisha hesabu kule Singida, hivyo Kiswahili anacho. "Kila jiwe analijua," Évode husema, na hapo lazima uinamishe kichwa kidogo kwa heshima. Siku ya kuagana bibi huyo alimpa kengele ndogo ya shaba, ya kufunga kwenye begi ili dubu wakusikie mapema na kukaa mbali.

"Basi inafanya kazi," nilimwambia. "Tangu uilete Gitega hatujaona dubu hata mmoja."

Lakini kengele ilimpanda kichwani. Akaanza kumwandikia Bi Sumie kwa simu kwamba yeye naye sasa ni mwongoza watu. Kigali pia kuna mlima, una msitu, una mahekalu, na kila Jumamosi yeye anapandisha wageni. Ukweli ni kwamba Évode alifika Mlima Kigali mara moja tu, amekaa nyuma ya pikipiki ya kukodi. Alipiga picha arobaini siku hiyo hiyo, akibadilisha shati mara saba, na picha hizo akamtumia bibi kidogo kidogo kwa miaka sita. Mashati matatu nilishona mimi. Na ujumbe nilikuwa nikimsahihishia mimi pia, kwa sababu Kiswahili chake cha Bujumbura na kile cha Kigali hupigana ndani ya sentensi moja. Uongo ulikuwa wake, ngeli zilikuwa zangu. Sijisafishi.

Na uongo huo alikuwa akiutumia nyumbani vilevile. Jumamosi ya mwisho ya kila mwezi, wakati maduka yote yamefungwa na sisi sote tunatoka na majembe kwenda umuganda, ile kazi yetu ya pamoja, Évode hufunga mlango, hushusha pazia, na hulala hadi saa tano. Donatille, mkuu wa mudugudu wetu, yaani mtaa wetu, akimuuliza baadaye, anajibu alikuwa mlimani na wageni. Mimi nimechimba mitaro kwa miaka sita nikijua kuna mtu anakoroma ukuta wa pili. Hilo likumbukeni, kwa sababu lina mchango wake katika yaliyofuata.

Mwezi wa nne ukaja ujumbe. Évode alinisomea kwa sauti iliyokuwa ikipungua kila neno.

"Ndugu Évode, nimetimiza miaka sabini na minne. Magoti yangu yamebakiza mlima mmoja, na ningependa uwe wa kwako. Miaka hii yote nimetangulia mimi. Safari hii nitafuata."

Akakaa chini juu ya redio ya mtu.

"Swafiya sha," akaniambia, "huyu mukecuru, huyu bibi, iko alinifanya mutu. Mbele ya kumujua nilikuwa fundi wa pampu tu. Akijua nadanganyaga, heri nikufe."

Nilicheka mwanzoni. Kisha nikaona kwamba macho yake yamelowa, mtu wa miaka sitini na mmoja, nikaacha kucheka. Alipanga kila kitu kama harusi. Akachagua Jumamosi ya tarehe thelathini ya mwezi wa tano, kwa hesabu kwamba umuganda utakuwa umepita tarehe ishirini na tatu. Tarehe ishirini na tatu akafunga mlango, akashusha pazia, akalala hadi saa tano kama kawaida yake. Nje maduka yalikuwa wazi, pikipiki zinapita, mimi nashona. Mwezi ule ulikuwa na Jumamosi tano. Évode alikuwa amejificha wiki isiyo yake.

Ningeweza kumwambia. Nilikuwa na siku saba nzima za kumwambia. Lakini nilikumbuka mitaro yangu, nikanyamaza, Mwenyezi Mungu anisamehe.

Bi Sumie alifika, mfupi, kofia ya kitambaa, fimbo mkononi. Aliponiona barazani alisema, "Hodi! Habari za kazi, ndugu?" Nikaitika karibu, nikampa shikamoo, akaipokea vizuri kuliko watu wengi wa mtaa huu. Kiswahili chake kilikuwa safi lakini cha miaka ya sabini, kila mtu kwake ni ndugu, mpaka mwenye kuuza sambusa. Évode akanivuta pembeni.

"Utakuja na sisi. Na uongee sana, ili wengine wasiongee na yeye."

Tulianza saa moja kamili. Évode mbele na kengele yake begini, Bi Sumie katikati, mimi nyuma na chupa ya chai. Hekalu la kwanza lilikuwa msikiti wa Biryogo nilikosomea Kurani, Bi Sumie akavua viatu na kukaa kimya uani kwa muda mrefu. La pili lilikuwa kanisa la Wasabato, kwaya yao ikifanya mazoezi mapema, akasimama mlangoni akitikisa kichwa kwa mdundo. Évode akaanza kupata rangi usoni. Barabara nazo zilikuwa tupu, maduka yamefungwa, hakuna hata pikipiki.

"Ona utulivu, Mwalimu," akasema. "Muji unakuheshimu."

Mimi nikakohoa.

Sasa, mwezi ule midugudu kadhaa ilikuwa imepelekwa kwenye mteremko wa Mlima Kigali kuchimba mitaro ya kuzuia mmomonyoko. Wa kwetu ulikuwa mmojawapo. Tulipoingia kwenye mikaratusi na kukata kona ya kwanza, Gitega yote ilikuwa pale, watu kama sitini, majembe hewani, na Donatille juu ya kichuguu na kipaza sauti chake.

Évode alisimama. Kengele ikalia mara moja.

"Évode!" Donatille akaita, na kipaza sauti kikaipeleka sauti mpaka bondeni. "Mana yanjye, Mungu wangu! Miaka sita nakutafuta, leo umejileta!"

"Iko na mugeni," Évode akasema. "Tunapanda, Donatille, tafadhali."

"Mugeni karibu sana. Lakini leo iko umuganda, mpaka saa tano hakuna kupanda. Jembe yako hii."

Nilitazamia Bi Sumie akasirike. Badala yake aliuliza umuganda ni nini, akaelezwa, na uso wake ukafunguka. "Kumbe mnayo bado!" akasema. "Singida tulilima shamba la kijiji kila Jumamosi. Ndugu, jembe langu liko wapi?" Mlima mzima ukapiga kelele. Mgeni anajua Kiswahili! Wakaja wote, na kila mmoja akataka kumwonyesha kwamba naye anakijua.

Hapo ndipo Évode alipokwisha. Nilijaribu kuongea sana kama nilivyoagizwa, lakini mtu mmoja atawashinda vipi sitini? Mzee Kalisa, mwenye duka la mkaa, aliuliza mgeni anaenda wapi, akajibiwa kwamba anapandishwa kileleni na Ndugu Évode, mwongoza watu hodari.

"Évode?" akasema Kalisa. "Huyu wa redio? Ngazi za baa ya Christella tu anapumzikaga mara tatu!"

"Mlima yeye anaujulia kwenye picha," akadakia mwingine, na watu wakacheka, bila ubaya wowote, kama majirani wanavyocheka. Bi Sumie alichimba tu, polepole, kwa mkono uliozoea. Évode alikuwa mtaroni, kichwa chini, na kila alipopiga jembe kengele ya dubu ilimlilia mgongoni, hivyo hata aliyetaka kumsahau hakuweza. Siku za mwizi ni arobaini, na za kwake zilikuwa zimetimia mbele ya mtu yule yule aliyemwogopa. Nilikuwa nimeingoja siku hiyo kwa miaka. Nilipoiona sikuipenda kabisa.

Saa tano majembe yakakusanywa, mkutano ukafanyika, watu wakateremka. Évode akachukua begi lake bila kututazama.

"Turudi nyumbani," akasema.

"Nimekuja kufuata," akajibu Bi Sumie.

Basi akatangulia. Mzoea vya kunyonga, vya kuchinja haviwezi, na mtu aliyefika kwa pikipiki hajui vijia vya miguu. Alitupitisha kwenye shamba la mihogo, akatuingiza korongoni, akatutoa. Tulimpita mama mmoja aliyekuja kusali msituni, amekumbatia mkaratusi, macho amefumba. Baada ya nusu saa tulimpita tena. Mara ya tatu alifumbua jicho moja, akasema, "Njia ni ile kule," akalifumba, akaendelea na Mungu wake.

Tulifika kileleni saa nane, tope hadi magotini. Kigali yote ilikuwa chini yetu, mabati yakimeta kilima baada ya kilima, na upande wa pili mto Nyabarongo umejikunja na rangi yake ya chai ya maziwa. Nikamimina chai. Hakuna aliyekunywa.

"Mwalimu," Évode akasema, amesimama wima kama mbele ya hakimu. "Nilikudanganya. Sikupandishaga mutu hata mmoja. Picha zile zote ni za siku moja."

"Najua."

"Wamekuambia."

"Nilijua kabla yao. Miaka sita unanitumia picha za mlimani, na katika zote viatu vyako vinang'aa."

Évode akatazama viatu vyake. Kwa mara ya kwanza havikuwa na rangi inayojulikana. Nilitaka kusema kwamba maneno nilisahihisha mimi, lakini Bi Sumie alikuwa ameinua kidole, kimwalimu.

"Ndugu Évode, kule kwetu uliona mahekalu mangapi?"

"Matano."

"Yapo manne."

Niliona vidole vya Évode vinahesabu kando ya suruali, vikafika cha pili, vikafika cha nne.

"Na paka?" akauliza polepole.

"Paka ni mmoja." Bi Sumie akavua kofia yake. "Mimi nilikuwa nauza chai kule chini. Mwongozaji aliugua asubuhi ile, wakatafuta mtu wa Kiswahili kwa ajili yenu mliotoka huku. Niliwaambia kila jiwe nalijua. Tulipotoka hekalu la tatu tulipotea, tukarudi kwenye la pili. Nilipoliona tena nikafurahi sana, nikawatajia jina jingine."

Sijui nani alianza kucheka. Nadhani ni mimi. Évode hakucheka.

"Lakini miaka yote hii iko unaongoza watu," akasema. "Au na hiyo pia?"

"Hiyo ni kweli. Ulirudi kwenu ukaniandikia kwamba unapandisha watu kila Jumamosi, kwa sababu yangu. Niliona haya. Mwanafunzi anaijua njia, mwalimu haijui! Wiki ile ile nikaanza kupanda, kila Jumamosi, mvua au jua, mpaka nikaijua kweli." Akanywa chai yake yote kwa mara moja. "Uongo wako umenipandisha mlima kwa miaka sita. Nimekuja kukushukuru, na kuona kama na wangu utakupandisha wewe."

Évode akajipangusa uso kwa mkono wenye tope, ukawa mbaya zaidi. Alitazama mji, akatazama msitu tuliotokea, na vijia vyake vyote vinne vinavyofanana.

"Mwalimu," akasema, "njia ya kushuka siijui."

"Najua," akasema Bi Sumie, akikaza kamba za viatu vyake. "Tangulia."

Akatangulia, kengele ikilia. Wakati wa kushuka tulimpita yule mama wa maombi mara mbili tu.